Besi Wanachelewa

Jumamosi, 11 Januari

Daftari hili kwa mbele ni la vipimo vya wateja: mabega, viuno, urefu wa gauni. Huku nyuma ni kwangu peke yangu. Petro, kama umefungua huku nyuma, funga. Nitajua tu, maana kila unachogusa unakiachia tope la shamba la zabibu.

Leo studio wametupa nyimbo zetu kumi kwenye flashi. Kwaya ina miaka thelathini na minne na haijawahi kurekodi hata ubeti mmoja. Sasa Pasaka tunazindua. Mimi ndiye mwalimu wa kwaya, kwa hiyo kazi ya kusikiliza na kusema pa kurekebisha ni yangu. Neno la mwisho lifike studio kabla ya Jumapili ya Matawi. Baada ya hapo, wamesema, hata malaika ashuke hawabadilishi kitu.

Shida ni mahali pa kusikilizia. Nyumbani Area D jirani ana mashine ya kusaga. Kibandani kwangu Makole kuna vyerehani vinne na mafundi wanne wasiojua kunyamaza. Imebaki Probox yangu. Nimeingia, nimepandisha vioo, nimewasha redio ambayo hadi leo inanisalimia kwa Kijapani, nikachomeka flashi. Nikasikia kwaya yangu ikiimba kutoka kwenye goti langu la kulia. Wanaume, ambao studio wamewapanga upande wa kushoto kama tunavyosimama kanisani, walikuwa kama wanaimba kwa jirani. Kwa hali ile siwezi kuhukumu kitu. Nimezima, nikaenda kupika.

Jumanne, 14 Januari

Nimekwenda kwa Khalidi, fundi wa redio za magari hapa hapa Makole, kijana wa Kondoa mwenye adabu nyingi na maneno mengi zaidi. Kaingia garini, kasikiliza wimbo mmoja, katikisa kichwa kama daktari.

"Mama, redio yako haina kosa. Unachohitaji ni DSP."

"Ndiyo nini?"

"Kiprosesa cha sauti. Kinakaa kati ya redio na spika. Sauti nyembamba kinazipeleka spika ndogo za juu, nzito kinazipeleka mlangoni. Halafu ile spika iliyo karibu nawe kinaichelewesha kidogo, ili na ya mbali ifike."

"Kuchelewesha? Mimi nachukia kuchelewa kuliko dhambi nyingine zote."

"Sikiliza mama. Watu wawili wanakuja kanisani kwenu, mmoja anatoka hapa Makole, mwingine mbali kule Zuzu. Ili wafike pamoja, wa Makole si lazima asubiri kwanza?"

Hapo alinipata. Kanionyesha vitatu. Cha kwanza kina taa za bluu na kinaahidi kutikisa vioo. Nikamwambia mimi ni mwalimu wa kwaya, sina baa. Cha pili kina matundu manane ya kutolea sauti, ila hakipangiki bila kompyuta, na Khalidi mwenyewe alikuwa akikitazama kwa mbali kwa heshima. Cha tatu ni kidogo, cheusi, kama Agano Jipya la mfukoni. Matundu sita, kinakubali nyaya za redio yangu bila kuing'oa, na kinaongozwa kwa simu. Kwenye simu kuna vitufe vitatu: Dereva, Abiria, Wote. Kila kimoja kina ngazi, moja hadi kumi.

Nikasema hicho hicho. Dereva ni mimi, sasa hapo pana swali gani?

Alhamisi, 16 Januari

Kimefungwa chini ya kiti. Mara ya kwanza tulipowasha injini, spika zililia kama mzinga wa nyuki, na nikikanyaga mafuta nyuki wanapanda sauti ya kwanza. Khalidi akagundua waya wa kwenda kwenye bodi ya gari alikuwa ameubana juu ya rangi. Akakwangua rangi hadi bati likang'aa, akaubana upya, nyuki kimya. Nikamsifu.

Kisha akatoa futi.

"Sasa mama, nipe nusu saa nipime kutoka kila spika hadi sikioni kwako."

Futi! Mimi nimeshika futi miaka ishirini na sita. Nimepima maaskofu. Nikamwambia, "Khalidi mwanangu, unamletea fundi cherehani futi? Nitapanga mwenyewe. Masikio ninayo."

"Lakini mama, hizi programu zina mambo yake, hasa upande wa..."

"Kila kitu kina mambo yake. Asante sana, nenda kaswali."

Nimebonyeza Dereva, ngazi ya tatu. Kuna kapicha ka gari pale juu, lakini kioo cha simu yangu kina ufa mahali hapo hapo, na sikununua ili nitazame picha.

Jumamosi, 18 Januari

Mvua kubwa. Kanisani bati linapigwa hadi mazoezi yanakuwa ya kusomana midomo. Hata hivyo watu wamefika, na waliochelewa wamesimama mlangoni. Hiyo ni sheria niliyoileta mimi: ukichelewa unasimama mlangoni, unaimba ubeti wa kwanza peke yako, na aliyefika wa kwanza ndiye anayekuambia ingia. Wapo wanaoijua milango ya kanisa kuliko madhabahu.

Aliyefika wa kwanza leo ni Mzee Sila, kama kawaida. Anatoka Zuzu kwa baiskeli, ana miaka sabini na moja, yeye na wengine sita ndio walioianzisha kwaya. Hajasimama mlangoni hata siku moja. Besi yake ndiyo sakafu yetu. Na mimi, nikiwa binti wa miaka kumi na mitano, yeye ndiye aliyenifundisha nota, akinigongea mapigo mgongoni kwa kidole. Desemba aliugua kifua, lakini amerudi.

Jumapili, 19 Januari

Nimesikiliza nyimbo zote kumi garini. Mungu nisamehe ninachoandika: besi wanachelewa.

Si sana. Ni kama mtu unayemsalimia akavuta pumzi kwanza ndiyo aitikie. Wanawake wamekwisha kukanyaga, wanaume ndiyo wanakuja. Nimepandisha Dereva hadi ngazi ya tano ili niwasikie vizuri. Ikawa mbaya zaidi. Kumbe kadiri mashine inavyosafisha, ndivyo uchafu unavyoonekana.

Nimempakia Petro aende shamba Zuzu, nikamuuliza anasikiaje.

"Safi sana," akasema.

Petro ni mume wangu na nampenda, lakini huyu ni mtu aliyeimba wimbo mmoja siku ya harusi yetu kwa funguo mbili. Sikio lake ni la mbao. Sijui kwa nini niliuliza.

Jumatano, 22 Januari

Mvua. Wateja hakuna. Ugali wa uwele na mlenda.

Jumamosi, 25 Januari

Nimesikiliza tena, ngazi ya sita. Sasa ninamsikia hasa ni nani. Ile sauti nene inayofika mwisho, inayoburuta wenzake, ni ya Mzee Sila.

Mazoezini leo nilimtegea sikio. Nilimsikia yuko sawa, lakini mvua ilikuwa juu ya bati, na mtu unayemheshimu unamsikia kwa moyo. Gari halina heshima kwa mtu. Gari halidanganyi.

Jumapili, 2 Februari

Anitha, katibu wa kwaya, mwimbaji wa alto, amepanda kiti cha mbele kutoka kanisani. Nikamwekea wimbo wa tatu, nikamuuliza kama hasikii wanaume wakiburuta.

"Mimi nasikia wako pamoja, mwalimu."

Akaona uso wangu.

"Labda kidogo," akasema. "Ukisema hivyo, kidogo kama wanachelewa."

Anitha ana sikio zuri, basi tu ana woga.

Jumamosi, 8 Februari

Nimefanya. Naandika kwa kifupi maana mkono hautaki.

Baada ya mazoezi nikambakiza Mzee Sila. Nikamwambia, "Shikamoo baba. Nimesikiliza kazi yetu kwa makini sana, kwa mashine. Kile kifua cha Desemba, naona bado. Upumzike kidogo, hizi besi tutazirudia na wale wenzako watatu."

Akanitazama. "Nachelewa?"

"Kidogo, baba."

"Mashine imesema?"

"Ndiyo, baba."

Akasema, "Marahaba," kana kwamba ndiyo kwanza anaitikia salamu yangu, akachukua baiskeli. Mvua ilikuwa bado haijakata.

Jumatatu, 10 Februari

Kibandani nimekuta mfuko. Ndani kuna shati la sare la Mzee Sila, limefuliwa, limepigwa pasi, limekunjwa kwa mistari. Juu yake jalada la nyimbo. Hakuna barua.

Kola yake ni kumi na sita na nusu. Ipo huku mbele ya daftari, ukurasa wa pili. Nimelia kidogo, halafu nikamfokea fundi aliyekosea zipu.

Jumamosi, 22 Februari

Studio wamerudia besi na wale watatu: Mazengo, Daudi na Batholomeo. Nimetoka na flashi mpya mbio mbio hadi garini. Nimebonyeza. Nimesikiliza.

Wanachelewa!

Mzee Sila hayupo, yuko Zuzu analima uwele, na besi bado zinachelewa. Ebo! Sasa kawaachia ugonjwa? Nimepandisha ngazi ya nane. Wakachelewa zaidi. Nikamwita Petro aliyekuwa akipakua zabibu nyuma ya gari, nikamkalisha hapo mbele.

"Unasikiaje?"

"Safi. Sauti imetulia kuliko hata wiki iliyopita." Akafikiri. "Ila huu wimbo mpya hauna mtu chini. Niwekee ule wa Mzee Sila."

Nikamwambia arudi kwenye zabibu zake.

Jumamosi, 1 Machi

Nimemwambia Mazengo mbele ya watu kuwa sasa ni yeye. Mazengo ni mpole lakini ana kilo tisini na tano. Akaniuliza, "Mwalimu, huyo anayechelewa unamsikia hapa, au unamsikia kwenye Probox?"

Watu wakacheka. Nikasema kwenye Probox ndiko kuliko na ukweli.

"Basi Jumapili iimbe Probox," akasema, akakaa chini. Daudi na Batholomeo nao wakakaa.

Jumamosi, 8 Machi

Besi wamekuja mazoezini, wa kwanza, kwa wakati, wameketi benchi la nyuma wakila karanga. Hawaimbi. Tumeimba sauti tatu. Kwaya bila besi ni kama gauni bila bitana: unaliona, ila halikai.

Jumatano, 12 Machi

Khalidi kapita kibandani. Amefunga, mimi nami nina Kwaresima yangu, tumesalimiana kwa midomo mikavu. Kaniuliza ile mashine inakwendaje, kama nisingependa aje apime. Nikamjibu mashine ni nzuri sana, mbovu ni watu.

Jumamosi, 15 Machi

Karanga tena. Anitha ananiambia Mzee Sila anaonekana shambani anaimba peke yake, kwa sauti, akipalilia. Sikumuuliza kama anakwenda na mapigo. Nilitaka kuuliza.

Ijumaa, 21 Machi

Ngazi ya kumi. Hakuna ya kumi na moja. Wanawake wako mapajani kwangu, wanaume wako Singida. Nimebakiwa na wiki tatu kabla ya kusema neno la mwisho, na sina neno. Nikisema waache hivi, tutajiaibisha Pasaka. Nikisema warudie, hakuna wa kurudia. Na nimemtoa katika kwaya mtu aliyenifundisha kuhesabu mapigo. Usingizi hauji vizuri siku hizi. Petro ananiuliza nina nini, namwambia ni kiungulia.

Jumamosi, 29 Machi

Leo naandika ndefu, na mkono bado una tope kwenye kucha.

Asubuhi nilikwenda Zuzu kumchukua Petro na kreti za mwisho za zabibu. Mvua ilikuwa imeanza alfajiri. Tulipokuwa tunatoka, kabla ya kufika reli, gari likazama kwenye tope la korongo hadi nusu ya magurudumu. Petro ana mgongo mbovu, kwa hiyo yeye akashika usukani na mimi nikasukuma. Petro leseni anayo, ila anaendesha kama anachunga mbuzi. Ndiyo maana tangu ninunue gari hili naendesha mimi tu, na kiti cha kushoto sijawahi kukikalia hata kwa bahati mbaya.

Nilisukuma hadi tope likaingia kwenye sidiria. Gari halikujali. Halafu nikasikia kengele za ng'ombe, na sauti: "Mbukwenyi."

Nikaitikia salamu kabla ya kugeuka, na nilipogeuka nikatamani korongo linimeze na gari langu. Ni Mzee Sila, na ng'ombe wake wawili wa kulimia, na mnyororo begani.

"Shikamoo baba," nikasema.

"Marahaba, mwalimu. Kaa pembeni."

Akafunga mnyororo, akaongea na ng'ombe wake, taratibu, kwa mapigo: moja, mbili, vuta. Moja, mbili, vuta. Walivuta pamoja kabisa. Gari likatoka kama mtoto mkubwa anayezaliwa, kwa shida na kelele.

"Baba," nikaanza.

"Ng'ombe wananyeshewa," akasema, akaanza kukunja mnyororo.

Petro akapaza sauti kutoka ndani, "Mama Msafiri, panda huko huko, naendesha mimi hadi lami! Usinichafulie usukani!"

Nikapanda kushoto. Petro akawasha gari, na redio ikawaka nayo, na kwa kuwa mimi sikuwa na nguvu ya kumkataza, akaweka ile flashi ya zamani, wimbo wa tatu, ule wa Mzee Sila.

Jamani. Kwaya yangu ilikaa mbele yangu juu ya dashibodi, wanawake kulia, wanaume kushoto, kila mtu mahali pake kama siku ya Jumapili. Wote walikanyaga pamoja. Na chini kabisa, katikati, Mzee Sila, mzima, amewabeba. Hakuchelewa hata nukta. Wenzake ndio waliokuwa wanamfuata yeye.

"Petro, umegusa nini?"

"Sijagusa kitu. Ndivyo ilivyo siku zote. Si kila siku nakwambia safi sana?"

"Simamisha gari!"

Nikashuka kwenye mvua, nikazunguka, nikamtoa Petro, nikakaa kulia. Besi wanachelewa. Nikazunguka, nikakaa kushoto. Besi hawachelewi. Kulia, wanachelewa. Kushoto, hawachelewi. Nimezunguka lile gari mara nne, tope hadi kiunoni, na Petro anazunguka upande wa pili ili kunipisha. Kwenye kioo cha nyuma Mzee Sila alikuwa bado amesimama na ng'ombe wake, anatutazama. Nadhani aliona Probox imetutia wazimu, na hakukosea.

Miezi miwili na nusu nimesema Petro ana sikio la mbao. Alikuwa amekaa mahali pazuri tu, na alikuwa anasema kweli.

Alhamisi, 3 Aprili

Khalidi alikuwa kwao Kondoa kwa Idi. Amerudi leo na asali, kanipa chupa, nami nikampa simu yangu. Akatazama dakika moja. Akaweka kidole juu ya ufa.

"Mama, hapa kwenye picha usukani uko wapi?"

"Hapo pana ufa, Khalidi."

"Chini ya ufa, mama. Uko kushoto. Mashine hii imetengenezewa nchi ambazo dereva anakaa kushoto. Wewe ukibonyeza Dereva, yenyewe inampangia Baba Msafiri." Akashusha sauti, maana ana adabu. "Inachelewesha spika za kushoto kwa ajili yake. Wewe uko kulia, tayari uko mbali nazo. Na ukaipandisha hadi ngazi ya kumi, wallahi. Hicho ndicho nilichotaka kukwambia siku ile ya futi."

"Kwa hiyo nilitakiwa kubonyeza nini?"

"Abiria, mama."

Mafundi wangu wote wanne walikuwa wamesimamisha vyerehani. Ndiyo mara ya kwanza wananyamaza tangu nifungue kibanda.

Jumamosi, 5 Aprili

Mazoezi nimeyaahirisha. Nimekwenda Zuzu na lile shati.

Nilimkuta anachambua mbegu. Nikamweleza yote: usukani, ufa, ngazi kumi, Abiria. Nilieleza kwa urefu, kama mtu anayejitetea mahakamani, maana ndicho nilichokuwa nafanya. Alisikiliza hadi mwisho.

"Kwa hiyo gari ndilo lililosema nachelewa," akasema.

"Ndiyo, baba."

"Na masikio yako, mazoezini, yalisema nini?"

Nilitazama chini. Kulikuwa na kuku anadonoa mbegu zake na sikumfukuza.

"Yalisema uko sawa, baba."

"Mimi nilikufundisha kwa yepi?"

Nikapiga magoti pale pale, mimi mwenye miaka arobaini na minane, nikasema nisamehe. Akaninyanyua kwa mkono. Shati akalipokea, akalitazama kola, akaliweka juu ya kiti. Hakusema atakuja. Hakusema hatakuja. Nami niliona aibu kumuuliza.

Jumatano, 9 Aprili

Mvua imepungua. Sijalala.

Jumamosi, 12 Aprili

Leo ndiyo siku ya mwisho ya kupeleka neno studio. Nikasema sitasubiri kama atakuja. Nitakwenda kumchukua mwenyewe kwa gari, akatae usoni pangu. Nikafika Zuzu saa nane na nusu. Mlango umefungwa, baiskeli haipo. Jirani yake hakujua alikokwenda. Nikageuza. Kwenye reli nikakuta foleni ya malori yanajaribu tope moja baada ya jingine, na mimi nyuma yao nalia na kupiga honi.

Mazoezi huanza saa tisa kamili. Nilifika saa tisa na dakika ishirini.

Walikuwa wote ndani, wamesimama. Anitha ndiye aliyekuwa akiongoza, kwa woga. Besi watatu walikuwa wamesimama, bila karanga. Na mbele yao, shati limepigwa pasi, Mzee Sila. Alikuja kwa baiskeli, kwa njia ya shambani, akafika wa kwanza.

Nikanyanyua mguu niingie. Mazengo akakohoa. Nikautazama ule mlango, na watu arobaini wakanitazama mimi, na nikakumbuka sheria ni ya nani.

Nikarudisha mguu. Nikasimama pale pale kizingitini. Nikasema, "Kabla sijaimba. Mazengo, Daudi, Batholomeo, nimewaonea. Hakuna besi aliyechelewa katika kwaya hii tangu Januari. Aliyechelewa ni mimi."

Kisha nikaimba ubeti wa kwanza wa wimbo wa tatu. Sikuimba sauti yangu. Niliimba besi, kwa sauti ya mwanamke aliyelia na kupiga honi nusu saa, na kwenye nota ya chini kabisa hakikutoka kitu ila hewa. Kuna waliojiziba midomo. Nilipofika hapo, kwenye ile hewa, kuna mtu akaijaza kutoka ndani, taratibu, mahali pake hasa. Nikamaliza ubeti juu yake.

Juu yetu bati lilikuwa kimya. Mvua ilikuwa haipo.

"Umechelewa, mwalimu," akasema Mzee Sila.

"Nimechelewa, baba."

"Ingia."

Jioni nimewapigia studio. Nimewaambia warudishe zile za Januari, zote kumi, na wasiguse kitu.

Jumapili, 20 Aprili. Pasaka

Tumezindua. Mzee Sila amevaa shati. Begani limempwaya kidogo, nitalipunguza. Sina maneno mengine na miguu inauma.

Jumatatu, 21 Aprili

Leo asubuhi Khalidi amekuja na futi, nami nikakaa kimya kama mteja mwema. Amepima kila spika hadi sikioni kwangu, amebonyeza Abiria, ngazi ya tatu. Nikakaa kwenye kiti changu na kwa mara ya kwanza nikaisikia kwaya yangu kama ilivyo. Niliona vibaya hata kuzima injini.

Mchana nikampeleka Petro Zuzu akakague mizabibu. Nikaweka wimbo wa tatu. Tulifika karibu na reli, Petro ameinamisha kichwa, anasikiliza.

"Mama Msafiri," akasema, "mimi najua sikio langu ni la mbao. Lakini mbona leo Mzee Sila kama anatangulia, wanawake ndio wanachelewa?"

Nikasimamisha gari pembeni. Petro huwa hayupo mazoezini, Jumamosi yuko shamba. Mzee Sila wake ni huyu wa kwenye spika tu. Mimi wangu yupo kila Jumamosi, mzima, wa kwanza kufika.

Nikachukua simu, nikaweka kidole juu ya ufa, nikamrudishia Dereva.

"Sasa?"

Akafumba macho. "Safi sana," akasema, na nikaamini.